Mguu wa Kuazimwa

Jua linapouelekea mgongo wa milima ya Mitumba, na kivuli cha milima hiyo kinapoteremka juu ya mabati ya Uvira mapema kuliko giza lenyewe, ufuko wa Ziwa Tanganyika hujaa kelele ambazo si za soko wala za bandari ya Kalundu: ni za watoto waliogawana pande mbili, hawa wamevaa fulana na wale vifua wazi, wakiufukuza mpira wa mifuko ya plastiki uliofungwa kamba, huku wavuvi wa ndagala wakitengeneza taa zao kwa ajili ya usiku, na ng'ambo ya maji, upande wa mashariki, taa za Bujumbura zikianza kuonekana moja moja. Uwanja wao haudumu. Tangu mwaka 2020, ziwa lilipopanda likameza nyumba na njia za ufukoni, na Mto Mulongwe ulipofurika mwezi wa Aprili mwaka huo huo ukachukua roho za watu na makazi ya maelfu, mahali palipokuwa na goli juzi huenda leo pakawa pamefungwa mtumbwi; watoto husogeza mawe yao mawili hatua ishirini kuelekea barabarani, na mchezo huendelea.

Sisi watazamaji tuna maradhi yetu, na mimi nimo: hatuwezi kumwona mtoto akimpita mwenzake kwa chenga mbili bila kumtaja Shabani Nonda. Jina hilo ni mizani yetu. Nonda alizaliwa Bujumbura tarehe 6 Machi 1977, akaja kuichezea timu ya taifa ya Kongo, na katika safari yake ya ujana hakulelewa katika akademia ya Ulaya hata moja. Alivuka kwenda Dar es Salaam akavaa jezi ya Yanga, akatoka hapo kwenda Afrika Kusini katika klabu ya Vaal Professionals, akaingia Zürich, Uswisi, katikati ya miaka ya 1990 akiwa kijana ambaye ndevu zake hazijakomaa. Mwaka 1998 akahamia Rennes ya Ufaransa, na mwaka 2000 Monaco ikamchukua kwa fedha ambazo magazeti ya wakati ule yalizitaja kuwa takriban euro milioni 20. Katika msimu wa 2002–03 akawa mfungaji bora wa ligi ya Ufaransa kwa mabao 26. Masafa ya namna hiyo, kutoka mchanga wa ziwa letu hadi kilele cha Ulaya, aliyapima kwa kupandishwa ngazi na watu waliomwona akicheza, mmoja baada ya mwingine, bila kituo cha malezi, bila mtandao, na kwa hakika bila daftari.

Neno hili la daftari nitalirudia, lakini kwanza nina kesi na neno jingine.

Wazee wa pwani, ambao lugha yao ilifika Uvira pamoja na misafara ya Ujiji katika karne ya 19, walitenga mambo mawili ambayo kurasa za michezo za leo huyachanganya. Akopaye unga hurudisha unga mwingine, maana ule wa kwanza umekwisha kuliwa. Hiyo ndiyo karadha. Lakini aazimaye jembe hurudisha jembe lile lile, na akilirudisha mpini umevunjika, huulizwa. Mchezaji tunayemwita “wa mkopo”, kwa haki ya lugha, hakukopwa. Ameazimwa, kwa kuwa mwisho wa msimu atakaporudishwa kwa mwenyewe lazima arudi yeye, kwa jina lake na goti lake, wala haiwezekani kumrudisha mtu mwingine wa uzito ule ule. Nadhani kosa hili la msamiati si dogo. Jina la mkopo limetuzoesha kumwona kijana kama fedha, ambayo haina maumivu na ambayo noti moja ni sawa na nyingine, na kwa hiyo limetusahaulisha kuuliza lile swali ambalo mwenye jembe hakosi kuliuliza.

Nonda mwenyewe aliliona jambo hili kwa pande zote mbili. Katika msimu wa 2003–04, goti lilipomweka nje kwa miezi mingi, Monaco ilimwazima Fernando Morientes kutoka Real Madrid. Na katika robo fainali ya Ligi ya Mabingwa, kwa maajabu ya kudura, Morientes aliyeazimwa akawafunga wenyewe waliomwazimisha, nyumbani na ugenini, hata Madrid ikatolewa. Nonda aliporejea akaingia kutoka benchi katika nusu fainali akaifunga Chelsea, kisha akaingia tena katika fainali ya tarehe 26 Mei 2004 huko Gelsenkirchen, ambako Porto ilishinda kwa mabao 3 kwa 0. Miaka miwili baadaye zamu ikawa yake: Roma ilimtoa kwa azima kwenda Blackburn ya Uingereza, kabla hajamalizia Ulaya yake kwa Galatasaray ya Uturuki.

Walakini huyo alikuwa mtu mzima, mwenye jina na wakili. Kijana wa siku hizi huazimwa kabla jina halijamkaa. Mtazame Nestory Irankunda, ambaye kwa ukoo ni mtoto wa maziwa haya haya: alizaliwa tarehe 9 Februari 2006 katika kambi ya wakimbizi mkoani Kigoma, kwa wazazi waliokimbia vita vya Burundi, akachukuliwa Australia akiwa bado mchanga, akakulia Adelaide. Mwezi wa Januari 2022, akiwa na umri wa miaka 15, aliingia katika kikosi cha kwanza cha Adelaide United, na watu wakaona mkwaju wa mguu wake wa kulia ukipiga wavu kama shoka linavyopiga gogo. Novemba 2023 Bayern München ikatangaza kumnunua. Alikuwa na miaka 17, umri ambao sheria ya FIFA haimruhusu kijana kuuzwa ng'ambo. Akamaliza msimu wake nyumbani, akaenda Ujerumani Julai 2024. Huko hakucheza hata mechi moja ya mashindano katika kikosi cha kwanza. Alicheza na kikosi cha akiba katika daraja la nne, na Januari 2025 akaazimwa kwenda Grasshopper ya Zürich, klabu ya wabia wa Bayern wa huko Los Angeles, ambayo ilikuwa ikipigania kutoshuka daraja na ikaokoka kwa mechi za mchujo. Katikati ya mwaka huo huo akauzwa Watford, Uingereza. Hesabu, msomaji: klabu nne katika nchi nne, kabla hajatimiza miaka 20.

Sitaki kumlilia, anacheza, analipwa, taifa lake jipya limempa jezi tangu mwaka 2024, na huenda vijana wa Watford watalikumbuka jina lake kuliko sisi. Nalitaja kwa sababu Zürich ile ile iliyompokea Nonda kwa mlango mmoja ilimpokea Irankunda kwa mlango wa jirani takriban miaka 30 baadaye, mmoja akiwa amenunuliwa kama mtu anayetakiwa kazi, mwingine ametumwa kama mtu anayefanyiwa majaribio na kampuni yenye matawi. Biashara imebadilika tabia. Zamani klabu ilinunua mchezaji ili imchezeshe. Leo klabu kubwa hununua vijana wengi zaidi ya nafasi ilizo nazo, huwasambaza kwa azima, na hungoja kuona nani ataiva, kama mkulima apandaye mbegu tatu katika shimo moja akijua kwamba miche miwili ataing'oa. Chelsea ya London iliwahi kuwa na wachezaji karibu 40 nje kwa wakati mmoja.

Wako wawili wengine, wote wazaliwa wa Bujumbura mwaka 1993, wote wakafika Uingereza utotoni. Saido Berahino alikwenda Birmingham akiwa na miaka 10 kumfuata mama yake, baba yake akiwa ameuawa katika vita; akaingia akademia ya West Bromwich Albion, akaazimwa Northampton, kisha Brentford, kisha Peterborough, na azima hizo tatu zilimfaa, kwa maana alirudi akiwa mchezaji kamili na katika msimu wa 2014–15 akafunga mabao 14 katika ligi kuu. Mwaka 2015 Tottenham ikamtaka, klabu yake ikakataa, kijana akanuna hadharani. Baada ya hapo mambo yakampinda hata ikapita siku 913, kati ya Februari 2016 na Agosti 2018, hajafunga bao lolote la mashindano. Mwaka 2018 alirejea kwa asili yake, akaichezea Burundi, na tarehe 23 Machi 2019 mjini Bujumbura, Cédric Amissi alipofunga katika sare na Gabon, nchi hiyo ndogo ikaingia Kombe la Mataifa ya Afrika kwa mara ya kwanza. Kule Misri, kwenye fainali zenyewe, walifungwa mechi zote tatu pasipo kupata bao. Nilikuwa nikisikiliza redio, na nakiri kwamba sisi tulio upande huu wa Mto Ruzizi tulihuzunika kana kwamba ni timu yetu.

Gaël Bigirimana naye, kama isemavyo hadithi yake mashuhuri, alitumwa dukani mjini Coventry, akaiona akademia ya klabu ya mji huo, akaingia mwenyewe kuomba ajaribiwe. Alipanda hadi Newcastle mwaka 2012. Februari 2015 Newcastle iliwapeleka Rangers ya Scotland wachezaji watano kwa mpigo, mwenye Newcastle akiwa pia na hisa Rangers. Bigirimana alikuwa mmoja wao, na hakucheza kabisa. Majembe matano kwa siku moja, na moja tu likaingia shambani sawasawa. Tangu Julai 2022 FIFA imeweka mipaka juu ya azima za nchi na nchi: isizidi mwaka mmoja, aliyeazimwa asiazimishwe kwa mtu wa tatu, klabu mbili zisipeane zaidi ya wachezaji watatu, na jumla ya wanaotolewa iteremke hadi 6 kufikia Julai 2024. Mipaka mizuri. Lakini vijana wa hadi miaka 21 waliolelewa na klabu yenyewe hawamo katika hesabu hiyo, na hao ndio hasa ambao mpini wao ni laini.

Sasa turudi Uvira, kwenye daftari.

Mwaka 2001, yaani mwaka mmoja baada ya Monaco kumlipia Nonda, FIFA ilitunga utaratibu ambao kwa Kiswahili twaweza kuuita haki ya walezi. Kila mchezaji anapouzwa kwa fedha kutoka shirikisho moja kwenda jingine, asilimia 5 ya ada hiyo hutengwa kwa klabu zote zilizomlea tangu mwaka wa umri wake wa 12 hadi wa 23. Miaka minne ya kwanza kila mmoja hubeba robo ya asilimia moja ya ada, na minane inayofuata kila mmoja hubeba nusu ya asilimia. Chukua ada ya euro milioni 10, ambayo siku hizi Ulaya huilipa bila kukuna kichwa: klabu iliyomlea kijana huyo alipokuwa na miaka 13 ina haki ya euro 25,000 kwa mwaka ule mmoja, na iliyokuwa naye akiwa na 17 ina haki ya 50,000. Na haki hii haifi kwa mauzo ya kwanza. Kila anapouzwa tena kabla mkataba wake haujaisha, hesabu huanza upya. Tangu Novemba 2022 kuna ofisi maalumu mjini Paris ambayo kazi yake ni kuzikusanya fedha hizi na kuzigawa. Kwa timu ya mtaa wa Kavimvira au Mulongwe, yenye mipira miwili na jezi zinazofuliwa na mama wa nahodha, euro 25,000 ni uwanja, ni viatu, ni ada za shule za kizazi kizima.

Lakini ofisi ile ya Paris haisomi nyuso. Husoma usajili: jina la mchezaji, tarehe ya kuzaliwa, klabu iliyotambuliwa na shirikisho, siku aliyoingia, siku aliyotoka. Kigoma haiwezi kudai senti kwa Irankunda, na ni haki isidai, kwa sababu sheria hulipia malezi na wala hailipii kuzaliwa. Nonda aliuzwa mapema mno kwa sheria hiyo. Swali ni hawa waliopo, wanaobaki kwetu mpaka miaka 15 au 16, wakafundishwa kupiga pasi na mtu asiyelipwa, kisha wakaondoka. Mwaka jana nilimuuliza mmoja wa walimu hao, mtu mwema ambaye mitaa mitatu humwamkia “Papa” kwa mapenzi, anionyeshe orodha ya vijana aliowalea. Alicheka, akagusa paji la uso wake kwa kidole: “Wote wamo humu, mwandishi.” Nilimwamini kabisa. Paris haitamwamini.

Na kuna jambo ambalo wengi wetu hatulijui, ilhali limetungwa kana kwamba mtungaji wake alisimama mpakani Kavimvira. FIFA hukataza kijana wa chini ya miaka 18 kusajiliwa nje ya nchi yake, lakini kati ya nafasi chache ilizoziacha wazi ipo hii: kijana akiishi nyumbani kwao, si mbali na mpaka zaidi ya kilomita 50, na klabu ya nchi jirani nayo ikiwa ndani ya kilomita 50 za mpaka ule, na baina ya nyumba na klabu pasizidi kilomita 100, yaruhusiwa kuvuka kwenda kucheza na kurudi kulala kwa wazazi wake, madhali mashirikisho yote mawili yameridhia. Kutoka Uvira hadi Bujumbura ni takriban kilomita 30. Mtoto wa Uvira anaweza, kwa halali na kwa maandishi, kufanya mazoezi na klabu ya Bujumbura jioni na kula ugali wa mama yake usiku. Badala yake huvushwa na dalali kwa jina la mjomba wa kubuni, akalala katika chumba asichokijua, na umri wake ukapunguzwa miaka miwili ili apendeze machoni pa mnunuzi.

Umri! Hapa ndipo tunapojiumiza kwa mikono yetu. Chancel Mbemba, aliyefika Anderlecht kutoka Kinshasa na baadaye akawa nguzo ya timu ya taifa, alijikuta akitajwa kwa tarehe nne tofauti za kuzaliwa, na FIFA ikaingia kuchunguza. Yeye alipita, wangapi wadogo kuliko yeye walirudishwa kimya kimya? Sheria ya Kongo humtaka mzazi aandikishe mtoto katika ofisi ya hali ya raia ndani ya siku 90, bila malipo. Siku hizo zikipita, ni lazima hukumu ya mahakama, ambayo ina gharama na safari. Baba anayetumaini kwamba mguu wa mwanawe utamjengea nyumba, lakini hakuwahi kupoteza asubuhi moja kumwandikisha, amejenga tumaini lake pale pale ziwa linapopanda.

Nitaambiwa: wewe waongea daftari, na hapa kuna vita. Ni kweli. Februari 2025, Bukavu ilipotekwa, makumi ya maelfu walivuka Ruzizi kuingia Burundi, na wengi wakapewa hifadhi katika uwanja wa mpira wa Rugombo, wakalala juu ya majani ambayo siku nyingine vijana hukimbilia. Na mwezi wa Desemba mwaka huo huo vita vikaifikia Uvira yenyewe. Katika mbio hizo watu walibeba sufuria na watoto. Nani angebeba daftari la timu? Najibu kwamba hasa kwa sababu hiyo nakala isikae mahali pamoja. Kumbukumbu iliyo kichwani mwa mwalimu hukimbia pamoja naye, na akifa hufa; karatasi iliyopigwa muhuri na Entente, yaani chama cha mpira cha mji, nakala yake ikapelekwa kwa ligi ya jimbo na picha yake ikatunzwa katika simu za wazazi watatu, huweza kungoja miaka kumi.

Sitarajii dola itufanyie hili, wala sitarajii klabu ya Ulaya iandike barua kuuliza ni nani aliyemfundisha mshambuliaji wake kupokea mpira kwa kifua. Kwa hiyo nawaambia walimu wa mpira wa Kalundu, Mulongwe, Kavimvira na Kilomoni: leo jioni, kabla ya filimbi, waketisheni watoto mchangani, mwandike jina la kila mmoja, jina la baba na la mama, tarehe ya kuzaliwa kama ilivyo kweli, na tarehe ya leo. Kesho asubuhi pelekeni orodha hiyo Entente, na msiondoke mpaka muhuri umepigwa.